Uliza Mwalimu: Paka wa meno-jambia, simba wetu na undugu wao

Toleo lililopita tulichapa picha ya fuvu la Smilodon, yule paka mkubwa wa kale mwenye chonge mbili zilizoshuka hadi chini ya kidevu. Ilikuwa picha ndogo kwenye kona ya ukurasa wa watoto. Lakini barua na ujumbe wa simu vilivyoingia tangu hapo karibu vyote vinamhusu yeye, kuanzia Kirumba hadi Nansio, na mmoja umetoka ng'ambo ya mpaka, Kisumu. Nimefurahi mno. Nilifundisha Baiolojia sekondari hapa Mwanza hadi nilipostaafu, na uainishaji wa viumbe ndiyo mada iliyokuwa ikiwasinzisha wanafunzi kuliko zote. Leo naulizwa uainishaji na mama muuza dagaa na mfugaji wa Busega. Nafasi yote ya mwezi huu naitoa kwa paka.

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Nauza dagaa mwaloni Kirumba. Mwanangu wa darasa la sita ameiona ile picha, sasa kila siku anatuambia huyo ndiye babu wa simba wa Serengeti, na kwamba meno yalifupika kidogo kidogo hadi wakawa hawa tunaowajua. Kaka yake anakataa. Nani mkweli? Wananimaliza kwa ubishi.
Mama wa wawili, Kirumba

JIBU: Marahaba, mama. Mkubwa ndiye aliyepata. Ila mdogo asinyamazishwe, kwa sababu wazo lake hata watu wazima wengi wanalo: kwamba mnyama wa kale akifanana na wa leo, basi ndiye aliyemzaa. Smilodon hakumzaa simba. Hakumzaa yeyote aliye hai leo. Ukoo wake ulikatika wote, na ukilishika hilo moja, barua nyingine zote za mwezi huu zitakuwa rahisi kuzielewa.

Jamii ya paka iligawanyika mapema sana, miaka milioni 20 hivi iliyopita. Upande mmoja wakatoka paka wa meno-jambia, wa aina nyingi. Smilodon alikuwa mmoja wao tu, aliyeishi Amerika ya Kaskazini na ya Kusini, na jina hilo alilipewa mwaka 1842 na Peter Wilhelm Lund, mtaalamu wa Denmark aliyekuwa akichimba mifupa kwenye mapango ya Lagoa Santa, Brazili. Upande wa pili wakatoka paka wote tulio nao: simba, chui, duma, mondo, simbamangu, chui-milia, jagwa, puma, na wengine wadogo wengi. Ndani ya upande huo wa pili, njia ya simba na njia ya paka wa nyumbani zilikuja kuachana baadaye sana, kama miaka milioni 11 iliyopita. Sasa mwambie mwanao apige hesabu mwenyewe. Huyo paka anayelala chini ya meza yako akisubiri dagaa wamwagike ni ndugu wa karibu zaidi wa simba kuliko Smilodon alivyokuwa.

Hapo ndipo darasa langu lilipokuwa likiamka.

Wala si makisio ya kutazama mifupa peke yake. Vinasaba vimepatikana kutoka kwenye mifupa ya Smilodon na ya ndugu yake Homotherium, vikasomwa, na jibu likawa lile lile: hawa wote wawili wanakaa pamoja upande wao, mbali na paka wote walio hai.

Vijana wakitaka ushahidi wa karibu, wamvizie paka wa nyumbani anapopiga miayo. Wasimfungue mdomo kwa nguvu, atawang'ata na haki itakuwa yake. Mbele kabisa wataona meno madogo madogo sita juu na sita chini. Pembeni zipo chonge. Nyuma ya chonge kuna mwanya mtupu, kisha yanakuja meno yaliyochongoka, na lile kubwa la juu linapita ubavuni mwa lile la chini bila kukutana nalo uso kwa uso. Ndilo jino la kukatia nyama. Gego bapa la kusagia kama letu hakuna. Hiyo ndiyo ramani ya mdomo wa paka, na simba anayo hiyo hiyo. Smilodon naye aliijua ramani hiyo, ila aliivuta upande mmoja hadi mwisho: wale wakubwa kabisa wa Amerika ya Kusini walikuwa na chonge za juu zenye urefu wa hadi sentimita 28, ukihesabu na mzizi uliozama kwenye fuvu.

Na meno hayo yalikuwa dhaifu kuliko yanavyotisha. Chonge ya simba ni nene na ya mviringo, inastahimili pundamilia anapojitupa huku na huko. Ya Smilodon ilikuwa bapa. Wanaofanya kazi kwenye viwanda vya minofu ya sangara wanakijua kile kisu kirefu chembamba: kinapita kwenye mnofu vizuri ajabu, lakini ukikipinda ubavuni kwenye mfupa kinakatika. Kwa hiyo Smilodon hakuweza kumrukia mnyama na kuning'inia kwa meno. Alikuwa na mikono minene yenye nguvu kuliko ya simba, kifua kipana na mkia mfupi. Alimwangusha mnyama, akamkandamiza chini hadi atulie, ndipo akafungua mdomo kwa upana wa karibu nyuzi 120, ambao simba hafiki hata theluthi mbili yake, akakata koo. Nguvu yenyewe ya kuuma kwa taya ilikuwa ndogo kuliko ya simba.

Habari zake nyingi tunazijua kutokana na Rancho La Brea, katikati ya jiji la Los Angeles, Marekani. Pale lami hutoka yenyewe ardhini. Mnyama alinasa, wala nyama wakamfuata, nao wakanasa. Imetoka mifupa ya wanyama zaidi ya 2,000 wa aina ya Smilodon. Kati ya hiyo upo mfupa wa nyonga ambao ulinishika moyo niliposoma habari zake. Wataalamu waliupiga picha za ndani, na mwaka 2021 wakaeleza kwamba mnyama yule alizaliwa na nyonga mbovu. Hakuwahi kuwa na mguu wa kuaminika wa kukimbilia, wala wa kumkandamiza mnyama mkubwa, na bado aliishi hadi utu uzima. Wapo wanaoona hapo dalili kwamba hawa waliishi kwa makundi na kilema akapata chake kwenye mzoga. Mimi naliona ni wazo lenye uzito, ingawa mfupa mmoja hauwezi kumaliza kesi.

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Je, hao paka wa meno marefu waliwahi kuishi huku kwetu, au ni wa Amerika tu? Na kama walikuwepo, walifikaje visiwani kama Ukerewe?
Kijana wa Nansio

JIBU: Marahaba mwanangu. Smilodon mwenyewe hakuwahi kukanyaga Afrika. Lakini ndugu zake walikuwa hapa, tena Afrika ndiyo iliyokuwa nyumbani kwao kwa muda mrefu. Mashariki ya Ziwa Turkana, mahali panapoitwa Koobi Fora, yamepatikana mabaki ya aina tatu: Homotherium, mwenye miguu mirefu na mgongo ulioteremka nyuma, Megantereon, mfupi mwenye chonge ndefu, na Dinofelis, ambaye chonge zake zilikuwa katikati, ndefu kuliko za chui lakini hazifiki za wenzake. Waliishi nchi moja na binadamu wa kwanza kabisa. Watu wadogo wa kimo, bila moto, bila mkuki, wakilala usiku katika nchi yenye wanyama hao watatu, na chui, na simba, na fisi wakubwa kuliko wa leo. Nikiwaza hilo huwa nashangaa kwamba sisi tupo.

Wa meno-jambia wa Afrika walitoweka mapema kuliko wenzao wa Amerika. Baada ya miaka milioni moja iliyopita huwaoni tena. Lars Werdelin, mtaalamu wa Uswidi aliyeshughulika na wala nyama wa kale wa Afrika Mashariki kwa miaka mingi, anaamini mababu zetu walihusika: walipoanza kula nyama kwa bidii waliwanyang'anya mizoga, na wanyama waliotegemea chakula cha aina moja wakashindwa. Wengine wanalaumu zaidi mabadiliko ya hali ya hewa na mapori kugeuka mbuga. Mimi nadhani unyang'anyi ule ulikuwa na sehemu yake, kwa sababu waliopona ni akina chui na simba, ambao hula chochote na mahali popote.

Sasa habari ya Ukerewe. Swali lako ni zuri kuliko ulivyodhani. Unauliza walivukaje maji, na jibu ni kwamba maji yenyewe hayakuwepo. Ziwa Victoria, pamoja na ukubwa wake wa kilomita za mraba 68,800, ni ziwa changa, lina miaka kama 400,000 tu, na halina kina kikubwa. Mahali penye kina kirefu kabisa hapazidi sana mita 80. Wa meno-jambia walikwisha kutoweka huku kabla ziwa halijazaliwa.

Na ziwa hili limewahi kukauka. Wataalamu walipotoboa tope la chini kabisa na kulivuta juu kwenye mabomba, walikuta tabaka la udongo mgumu uliowahi kupigwa na jua, wenye mizizi ya majani. Ilikuwa kati ya miaka 17,000 na 15,000 iliyopita. Kwa hiyo, mwanangu, mahali unapopita na feri kutoka Mwanza kwenda Nansio palikuwa nchi kavu, na Ukerewe ilikuwa kilima. Hata kabla ya hapo, katika vipindi vya ukame, upande wa Kenya kwenye visiwa vya Rusinga na Mfangano walichungia wanyama wa mbugani wengi ambao leo hawapo. Mmoja anaitwa Rusingoryx, ndugu wa nyumbu, mwenye mfupa wa pua uliopanda juu na kuwa mtupu ndani. Mbuga yenye wanyama wengi namna hiyo haikosi simba. Lakini ni simba, huyu huyu wetu.

Ingawa "huyu huyu" nayo ina maneno. Mwaka 2018 Fredrick Kyalo Manthi wa Makumbusho ya Taifa ya Kenya na wenzake walieleza fuvu la simba kutoka Natodomeri, kaskazini-magharibi ya Kenya, lenye umri wa miaka kama 200,000. Ni spishi ya simba wa leo, Panthera leo, lakini kwa ukubwa linawapita simba wote wa Afrika wanaojulikana, linalingana na la wale wa mapangoni wa Ulaya nitakaowaeleza kwenye barua inayofuata.

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Niko kidato cha tatu, Nyegezi. Kwenye simu kuna video ya mtoto wa simba aliyeganda kwenye barafu huko Urusi, ana hadi sharubu. Wanasema ni wa kale na watamfufua. Ni kweli au wametengeneza kwa kompyuta?
Mwanafunzi

JIBU: Marahaba. Mnyama ni wa kweli. Kufufuliwa ni uongo.

Ninyi mnaotazama video hizi nataka mjue wapo watoto kadhaa, na mara nyingi wanachanganywa. Wawili mashuhuri wanaitwa Boris na Sparta. Walipatikana mwaka 2017 na 2018 ukingoni mwa mto Semyuelyakh, Yakutia, Siberia, umbali wa mita 15 hivi mmoja na mwenzake, na watafuta pembe za mamothi, wale tembo wa kale wenye manyoya mengi. Kila mtu aliwadhani ni ndugu wa tumbo moja. Vipimo vya umri vikatoa jibu jingine kabisa: Sparta alikufa miaka 28,000 hivi iliyopita, Boris miaka 43,000. Baina ya hao watoto wawili waliolala karibu hivyo ipo miaka 15,000. Nimeirudia habari hiyo kwa kila mgeni anayekaa sebuleni kwangu.

Sparta ni jike wa mwezi mmoja au miwili. Ngozi yake ipo, manyoya yapo, ulimi, meno, makucha yenye ncha, na hizo sharubu ulizoziona. Ni simba wa mapangoni, Panthera spelaea. Huyu sasa ni ndugu wa kweli wa simba wetu, tena wa karibu kuliko wote. Vinasaba vinaonyesha waliachana miaka kama 500,000 iliyopita. Wao wakaishika Ulaya na Asia ya kaskazini hadi Alaska, wetu wakabaki Afrika na kusini ya Asia. Manyoya ya Sparta yana tabaka nene la ndani la kukinga baridi, kitu ambacho simba wa Serengeti hana haja nacho.

Dume wao hawakuwa na yale manyoya ya shingoni. Tunajuaje? Watu waliowaona waliwachora. Katika pango la Chauvet, Ufaransa, lililogunduliwa mwaka 1994, kuna kundi la simba wamechorwa kwa mkaa wakiwa wameinamisha vichwa kuwinda, na madume wao hawana shungi. Mchoraji alikuwa na macho makali. Alichora hadi vidoadoa vya mizizi ya sharubu. Simba hao walitoweka miaka kama 14,000 iliyopita, na ndugu yao mwingine, Panthera atrox wa Amerika, akafuata muda si mrefu.

Mtoto wa tatu ndiye aliyenikosesha usingizi. Alipatikana mwaka 2020, pia Yakutia, kwenye mto Badyarikha, na maelezo yake yakachapishwa Novemba 2024. Huyu si simba. Ni Homotherium, wa meno-jambia, wa ukoo uleule uliokatika! Kabla yake hakuna mtu wa zama zetu aliyewahi kuona ngozi ya paka wa meno-jambia. Tulikuwa na mifupa tu. Ana umri wa wiki tatu hivi, kichwa na mikono na kifua vimehifadhiwa. Manyoya yake ni ya kahawia iliyokolea, mafupi, mazito. Masikio ni madogo. Kiganja cha mguu ni cha mviringo, kinafaa kukanyagia theluji. Walipomlinganisha na mtoto wa simba wa umri huohuo, shingo yake ilikuwa nene zaidi ya mara mbili, na mdomo wa juu ulikuwa mrefu kwenda chini, tayari kwa chonge ambazo hazikupata kuota. Ana miaka zaidi ya 35,000.

Na kwa nini hafufuliwi? Vinasaba kwenye mwili uliokaa hivyo vimekatikakatika vipande vidogo sana. Vinasomeka, vinapangwa kwenye kompyuta, vinatuambia nani ndugu wa nani. Seli hai hakuna hata moja. Anayekuuzia habari ya kumfufua anataka ubofye video yake.

SWALI: Simba na chui-milia, yupi ndugu wa karibu wa chui wetu? Tunabishana kijiweni Mabatini.

JIBU: Simba. Chui, simba na jagwa wanakaa pamoja. Chui-milia ubavuni mwake ana chui wa theluji wa milima ya Asia. Jina la chui-milia lisiwadanganye, na Afrika hakuwahi kuwepo porini.

SWALI: Mwangaluka, Mwalimu. Nafuga ng'ombe Busega, si mbali na mpaka wa hifadhi. Nimesoma unavyosikitika kwa wanyama waliotoweka. Mimi simba akiingia zizini hasara ni yangu, si ya gazeti. Hao wa meno marefu walitoweka na dunia ipo. Wa sasa wakitoweka nitapungukiwa nini?
Mfugaji

JIBU: Mwangaluka baba. Nimeisoma barua yako zaidi ya nyingine zote, na nashukuru umeandika ulivyo moyoni. Nimezaliwa kwenye boma la ng'ombe, Magu. Najua ng'ombe mmoja ni ada ya shule, ni mahari, ni dawa ya mgonjwa. Sitakuambia hasara yako ni ndogo.

Kwanza nijibu ya kwao. Walitoweka kwa nini? Enzi ya Barafu ilipokwisha, nchi ilipata joto, majani na misitu vikabadilika, na wanyama wakubwa waliokuwa chakula chao, farasi wa Amerika, ngamia wa Amerika, watoto wa mamothi, wakaisha. Wakati huohuo binadamu walikuwa wakienea kule na silaha zao. Wengine walidhani Smilodon walikufa kwa njaa ya muda mrefu, lakini meno yao ya La Brea yalipochunguzwa mikwaruzo kwa hadubini hayakuonyesha kwamba karibu na mwisho walikuwa wakitafuna mifupa kwa kukosa nyama. Maana yake huenda hali ilikuwa ya kawaida kabisa, hadi ilipokatika ghafla. Jambo hilo linanitia hofu. Mnyama anaweza kuonekana yupo na ana shibe, kumbe mwisho upo mlangoni.

Na usemi kwamba dunia ipo ni kweli, lakini wao hawakurudi. Umbile la chonge ndefu limejitokeza zaidi ya mara moja katika historia ya wanyama. Amerika ya Kusini palikuwa na Thylacosmilus, ndugu wa wanyama wanaobeba watoto mfukoni, si paka hata kidogo, na alikuwa na meno hayo hayo. Leo hayupo mmoja. Jamii ya simba ilikuwa na matawi matatu makubwa yaliyoenea kutoka Afrika hadi Amerika. Limebaki tawi moja, na lenyewe liko Afrika na katika msitu mmoja wa India, Gir. Afrika ya Kaskazini wamekwisha ndani ya karne iliyopita. Makadirio ya jumla ni simba kati ya 20,000 na 25,000 barani kote, na nchi yenye wengi kuliko zote ni yetu hii. Kwa hiyo, baba, unaishi mpakani mwa mahali ambapo jambo hili litaamuliwa. Mimi na wenzangu wa mjini tunawapenda simba bila gharama. Gharama unalipa wewe, na hilo si haki. Kifuta jasho na kifuta machozi kinachotolewa na serikali kinapaswa kufika mapema, na madai lazima uyaandikishe kwa afisa wa wanyamapori mara tukio linapotokea, mzoga na nyayo zikiwa bado zipo.

Mambo mawili yako mikononi mwako. Simba huvamia zizi zaidi usiku, na zizi la miiba mikavu haliwazuii; ng'ombe wakimnusa wanaruka wenyewe nje, ndipo anawapata. Simanjiro wafugaji wamepanda miti hai kuzunguka boma na kufunga wavu wa chuma juu yake. Miti inakua, wavu unapanda nayo, na mashambulizi ya usiku yamepungua sana. La pili ni mbwa wako. Mwaka 1994 ugonjwa wa virusi unaohusishwa na mbwa wa vijijini uliua karibu theluthi moja ya simba wa Serengeti, kama 1,000. Siku ya chanjo wapeleke mbwa wote.

Na sumu, nakuomba kwa heshima zote, usiiweke kwenye mzoga hata ukiwa na hasira ya haki. Haichagui. Itawamaliza tai, fisi, mbwa wako, na inaweza kumfikia mtoto wa jirani.

Umeuliza utapungukiwa nini. Wajukuu wako watakuwa na picha ya fuvu kwenye kona ya ukurasa, wakibishana kama huyu aliwahi kuwa na ndugu. Kwangu mimi hiyo ni hasara ya kutosha. Najua kwako si lazima iwe hivyo, ndiyo maana nimeanza na zizi.

SWALI: Hujambo Mwalimu. Huku Kisumu tunasikia kuna simba mkubwa kuliko wote aliyepatikana karibu na Muhoroni, anaitwa Simbakubwa. Mbona hukumtaja?

JIBU: Sijambo, karibu sana. Nilimwacha kwa sababu si paka. Simbakubwa kutokaafrika alipewa jina mwaka 2019 na Matthew Borths na Nancy Stevens. Mifupa yake ilichimbwa Meswa Bridge miaka ya mwisho ya 1970, ikakaa kwenye droo ya makumbusho Nairobi hadi Borths alipoivuta akitafuta kitu kingine. Aliishi miaka milioni 22 au 23 iliyopita, wakati paka wa kweli walikuwa bado hawajafika Afrika. Alikuwa mkubwa kupita simba yeyote, lakini ni wa jamii nyingine kabisa ya wala nyama, haienodonti, nayo imekwisha yote. Alama iko mdomoni: paka ana jozi moja tu ya meno ya kukatia nyama kila upande, ile niliyomwambia mama wa Kirumba. Simbakubwa alikuwa na tatu.

SWALI: Mwalimu mwenzangu, habari za kustaafu. Nina klabu ya sayansi Sengerema, tunataka kuwapeleka wanafunzi waone visukuku kwa macho. Twende wapi?

JIBU: Nzuri sana, mwenzangu. Nendeni Olduvai. Mkishavuka daraja la Kigongo–Busisi, laleni Mwanza, kisha alfajiri mshike barabara ya Musoma hadi Lamadi na kuingia Serengeti kwa lango la Ndabaka. Mtapita bonde la Grumeti, Seronera, mtatokea lango la Naabi, na kutoka hapo makumbusho ya Olduvai hayako mbali. Hapo mtakuta mifupa ya wanyama wa kale iliyochimbwa bondeni, na nakala ya nyayo za watu wa kale zilizopatikana Laetoli. Njiani kwenye majabali ya Seronera na Naabi waambieni madereva wapunguze mwendo, simba hupenda kulala juu yake.

Ada mtalipa sehemu mbili, Serengeti kwa TANAPA na Ngorongoro kwa mamlaka yake, kwa hiyo barua za kuomba punguzo la wanafunzi ziwe mbili, kwenye karatasi yenye nembo ya shule, na orodha ya majina. Zitumeni mapema, muhula haujaanza. Na kila mtoto abebe sweta. Ngorongoro asubuhi ni baridi kuliko wanavyofikiri watu wa ziwani.